Jiwe Lililozidi Umri Malaba

Sisi watu wa klaring, wa kupitisha mizigo ya watu hapa mpakani Malaba, hatujazi fomu ya mzigo upya. Nani ana huo wakati? Unachukua mzigo wa jana kwenye sistimu, unafuta jina la mwenyewe, unaandika la wa leo, unabadilisha uzito, unatuma. Vitunguu vinageuka magodoro, magodoro yanageuka mbao, na nchi inasonga mbele.

Alhamisi nilikuwa nimepitisha trekta la mtumba. Ijumaa asubuhi akaingia ofisini Mwalimu Paulinus, mzee wa Nangina, na karatasi za jiwe lake kutoka Tororo, ng'ambo Uganda. Nikafuta "trekta", nikaandika "jiwe", nikajipongeza kwa soda. Sistimu, ambayo kuhusu mawe haijui lolote lakini matrekta inayajua vizuri sana, ikauliza: limetengenezwa mwaka gani?

Mtu mwenye akili angeshtuka, arudi nyuma, afute. Mimi niligeuka nikamuuliza mwenye mzigo.

"Mwalimu, hili jiwe lako limetengenezwa lini?"

Mwalimu Paulinus alifundisha jiografia mpaka baadhi ya wanafunzi wake wakastaafu kabla yake. Aliposikia swali langu alivua miwani, akaifuta kwa shati, akaivaa tena. Ningejua dalili, ningekimbia.

"Kijana," akasema, "tangu nistaafu hakuna mtu ameniuliza swali zuri kama hilo. Unaona ule mlima wa Tororo, hapo dirishani kwako? Ule si mlima. Ni koo la volkano. Volkano yenyewe imemomonyoka yote, limebaki koo. Wataalamu wengine wanasema miaka milioni ishirini, wengine arobaini. Mimi niko upande wa arobaini."

"Sistimu inataka tarakimu nne tu, Mwalimu."

"Basi hiyo sistimu ni changa. Iambie ikue."

Mwaka wa zamani zaidi ambao sistimu ilikubali ni 1900. Nikaweka huo, nikatuma. Soda yangu haikuwa imeisha nilipoitwa dirishani kwa Kiptoo.

Kiptoo ni afisa wa forodha, mtu mpole, mzee wa kanisa, na Biblia yake hukaa droo moja na mihuri. Tulimkuta ameinamia kompyuta kama daktari anayesoma picha ya mapafu.

"Sydney, hii kitu yako ina zaidi ya miaka mia moja."

"Ni jiwe, boss."

"Hapa inasema ni kitu ya magurudumu, imetumika. Hizo mwisho ni miaka nane. Ikizidi, inarudi ilikotoka."

"Si utoe hayo magurudumu?"

"Aina ya mzigo inabadilishwa na supavaiza. Supavaiza ameenda Busia, tutamwona Jumatatu."

Mwalimu alikuwa amesimama nyuma yangu, kofia mkononi. "Jumatatu haiwezekani," akasema. "Kesho ni misa ya mke wangu. Hilo ni jiwe la kaburi lake."

Akatueleza taratibu, kama anayesomea darasa. Petronilla alizaliwa Tororo. Nyumba yao ilikuwa chini ya mwamba ule, na alipoolewa Nangina kitu kimoja tu alichokililia ni kwamba akifungua mlango asubuhi haoni mwamba. Kabla ya kufa alimwambia mumewe: nikishindwa kuufuata, uniletee kipande. Sasa padri ameshapangwa, wakwe wameshafika, na kaburi limejengewa pembeni likiacha nafasi ya jiwe katikati. Kesho saa nne wangekuwa wanaombea shimo.

Hapo utani wangu ulinikauka mdomoni. Kidogo.

Kiptoo akajikuna shingo. "Mwalimu, pole sana. Aina siwezi kugusa, lakini mwaka naweza kubadilisha mimi mwenyewe. Ikiwa chini ya nane, inapita. Lakini useme kwa mdomo yako, na ikuwe ukweli. Mimi siandiki uongo."

Nikamkanyaga Mwalimu mguu. "Sema mwaka huu, Mwalimu."

Akanikanyaga na yeye, tena kwa kisigino. "Nimewachapa watoto kwa kuandika Tororo ni mlima wa kukunjika! Leo nisimame mbele ya serikali niseme jiwe la volkano ni la mwaka huu? Wengine wa wale watoto ni madiwani!"

"Na hiyo milioni arobaini pia si ukweli," Kiptoo akasema, akifungua droo ya mihuri. "Dunia iko na miaka elfu sita. Ukijumlisha vizazi, inatoka vizuri."

"Alizijumlisha nani?"

"Mimi. Nikiwa zamu ya usiku."

"Afisa, unaongea kama marehemu! Tumebishana hivyo tangu harusi. Mimi namwambia milioni arobaini, yeye ananiambia nchi kavu iliumbwa siku ya tatu, sasa nenda unawe mikono, ugali unapoa."

"Mama alikuwa na hekima."

"Alikuwa na ugali! Ni vitu viwili tofauti!"

Nyuma yetu foleni ilikuwa imerefuka, madereva na matanboi, wasaidizi wao, na foleni ya Malaba haiwezi kusikia ubishi ikanyamaza. Ilukor, mwenye pikapu iliyobeba jiwe, Mteso wa hapa hapa Amagoro, akapenya mpaka mbele.

"Nyinyi wote mnapotea," akasema. "Bibi yangu alikuwa anatuambia Elgon iliwahi kuwa na homa mbaya. Ikakohoa wiki nzima. Tororo ni kohozi."

Watu wakacheka, lakini Mwalimu hakucheka. Alimshika Ilukor mkono kwa mikono yake miwili. "Bibi yako alisoma wapi?"

"Hakusoma, Mwalimu."

"Alikaribia sana. Alikosea homa tu."

"Na hiyo kohozi ina miaka ngapi?" Kiptoo akauliza, kalamu tayari.

"Bibi hakusema. Lakini alisema babu yake aliiona ikiwa bado moto."

Ndipo tanboi mmoja, ambaye lori lake lilikuwa na nyanya na nyanya hazingoji mtu, akapaza sauti kutoka nyuma kabisa: "Wazee wangu, elfu ama milioni ama kikohozi, zote zimepita nane! Songeni!"

Sijawahi kusikia mjadala ukifungwa hivyo. Kiptoo alimtazama Mwalimu, Mwalimu akatazama kofia yake. Kwa mara ya kwanza siku hiyo walikubaliana jambo, na jambo lenyewe lilikuwa baya.

"Wacha nione mzigo," Kiptoo akasema, kwa sauti ya mtu anayetafuta pa kutokea.

Tukaenda mpaka kwenye pikapu, na nusu ya foleni nyuma yetu. Ilukor akafunua turubai. Jiwe lilikuwa la kijivu, limelainishwa upande mmoja, na upande huo ulikuwa na maandishi. Mwalimu akayafunika haraka kwa kofia.

"Hayo ni ya nyumbani," akasema.

"Mzigo ni mzigo, Mwalimu."

Kofia ikaondoka polepole. Kiptoo akasoma kwa sauti, kama anavyosoma kanisani:

"Petronilla. Alisema siku ya tatu. Sasa ameshamuuliza Mwenyewe."

Watu wakasogea wakasoma wenyewe. Hata yule wa nyanya. Halafu Kiptoo akaanza kucheka kwa mabega, bila sauti, akatoa kitambaa akajifuta macho, na akachukua muda mrefu kuyafuta.

"Nani alichonga hii?"

"Fundi mmoja wa Tororo."

Hapo ndipo mimi, niliyeleta balaa lote, nilipopata maneno. "Mwalimu, alimaliza lini?"

"Jumanne."

"Na kabla ya Jumanne, jiwe la kaburi la mama Petronilla lilikuwa wapi?"

"Lilikuwa..." Akasita. "Halikuwa jiwe la kaburi. Lilikuwa koo la volkano."

"Na sisi tumeomba kupitisha koo la volkano?"

Alinitazama kama anayemtazama mwanafunzi wa mwisho darasani aliyepata hesabu sahihi, yaani kwa mashaka makubwa. Akapitisha kidole kwenye herufi, moja moja, mpaka mwisho wa jina. Aligeuka kwa Kiptoo, akanyoosha mgongo.

"Andika, afisa. Jiwe la kaburi la mke wangu limetengenezwa Jumanne ya wiki hii. Huo ni ukweli." Kisha akashusha sauti. "Miaka yote hiyo nilimcheka na siku yake ya tatu. Leo mimi nimesema Jumanne. Huko aliko amekaa chini kwa kicheko."

Kiptoo alirudi dirishani mbio, akaandika mwaka, akagonga muhuri hata pasipohitaji muhuri. Nikawa najiandaa kumalizia soda yangu, Mwalimu akanishika kola.

"Wewe unaenda wapi? Panda nyuma. Aliyeniuliza jiwe limetengenezwa lini atasaidia kulishusha."

Basi nikapanda. Kutoka Malaba mpaka Busia, na kutoka Busia mpaka Nangina, nilikaa nimelikumbatia jiwe lisigonge ubavu wa pikapu. Kwenye kila tuta nililiomba jiwe msamaha, na kwa kuwa mama Petronilla hakunijibu, nilichukulia amekubali.