Gari Lililobeba Spika

Kibanda alichowekwa Judica kilijengwa kwa ajili ya kulindia mahindi yasiliwe na ngedere. Hakikuwa na mlango. Upande wa juu bati lilikuwa limeng'oka, na mvua ya Mbulu, ile nyembamba isiyo na haraka, ilikuwa inaingia inavyotaka. Qamara alisimama karibu na jiwe, pale alipoambiwa asipite, akaweka chini kidumu cha maji na ugali uliofunikwa kwa sahani, kisha akarudi nyuma. Ndipo Judica alipotoka kuvichukua. Gauni lake lilikuwa limelowa kifuani. Qamara alidhani ni mvua, halafu akaelewa kuwa ni maziwa, akatazama pembeni.

"Shikamoo, baba mdogo."

"Marahaba. Umelalaje?"

"Nimelala." Aliinama akaokota kidumu. "Irene anakula?"

"Anakula. Yuko kwa bibi yake."

"Ananiulizia?"

"Anakuulizia."

Judica aliitikia kwa kichwa, kama mtu aliyeambiwa bei ya maharage, akarudi ndani. Alikuwa mtoto wa marehemu Tito, kaka yake Qamara, na Qamara ndiye aliyempeleka kanisani siku ya harusi yake. Sasa hata mkono hakuruhusiwa kumpa. Mama aliyefiwa na mtoto hukaa metimani: hachoti maji kwenye chemchemi ya wenzake, hali nao, haingii kwa jirani mpaka muda upite. Paroko anaikemea desturi hiyo kila anapopata nafasi, waumini wanasema amina, na wakitoka nje wanampita mfiwa kwa mbali. Katekista naye anapita kwa mbali.

Lakini metimani huisha. Kilichomtisha Qamara ni kwamba ya Judica huenda isiishe. Mama mkwe wake alikuwa anasema kila mahali kwamba kifo hiki Judica alikiita mwenyewe, alipolala mbele ya kamera akiwa na mimba, akafunikwa shuka, akaliliwa. Wazee walikuwa karibu kukaa kikao. Wakikubaliana na mama mkwe, Judica asingerudi tena kwa mume wake Gidion, na Irene, ambaye alikuwa hajajua hata kufunga kamba za viatu, angebaki huko huko bila mama.

Na aliyemlaza mbele ya kamera ni Qamara.

Alianza na mchezo wa Pasaka parokiani Tlawi, akiwa kijana, akapewa Yuda kwa sababu wengine wote walikataa. Aliigiza Yuda vizuri mno, mpaka mwanamke mmoja akakataa kumuuzia mayai. Hapo akajua ana kipaji. Akaandika michezo ya shule, akaandika ya sikukuu za wakulima, halafu akauza ng'ombe wa urithi akanunua kamera na kuanza kutengeneza filamu kwa Kiiraqw, kwa sababu hakuna mtu mwingine aliyekuwa anatengeneza. Aliandika mwenyewe, akaongoza mwenyewe, na ndani yake akaigiza Mwenyekiti Tumbo, kiongozi wa kijiji mlafi anayeongea huku amejishika tumbo, ingawa Qamara mwenyewe ni mwembamba kama ufito. Watu walimpenda Tumbo kupita kiasi. Filamu ikitoka leo, kesho vijana wa vibanda vya simu wanaiingiza kwenye memori za watu kuanzia Nambis mpaka Katesh, na Qamara habaki na kitu ila jina. Hata jina lenyewe hakubaki nalo. Barabarani wanamwita Tumbo.

Kwa hiyo mradi wa afya ya mama ulipokuja na diwani Bonaventura akamtaja yeye, alifurahi mpaka akaona aibu. Alitunga hadithi ya mama mjamzito anayesubiri gari la wagonjwa lisilokuja, mpaka anafariki. Aliiita *Hakufika*. Kwa nafasi ya mama alimchukua Judica, ambaye alikuwa na mimba kweli, maana mto wa kulalia ukifungwa tumboni unaonekana ni mto wa kulalia, na Qamara alikuwa amechoka kuchekwa kwa mambo ya namna hiyo. Nusu ya kijiji ilikuja kulia kwenye mazishi ya uongo. Wengine walilia kwa sauti kuliko wanavyolia kwenye ya kweli.

Diwani aliitazama filamu kwenye kompyuta, mikono kifuani.

"Nzuri," alisema. "Ila gari lifike."

"Mheshimiwa, hadithi yenyewe ni kwamba halifiki."

"Gari si tulipewa mwaka jana? Mimi ndiye niliyelipigania. Sasa wageni waje kuangalia gari ambalo halifiki?" Alicheka, akamgonga Qamara begani. "Wewe ni fundi, Tumbo. Utaona pa kulipitisha."

Qamara aliona pa kulipitisha. Aliyakata mazishi, akapiga picha upya gari likija na king'ora na vumbi, Judica akitabasamu ndani yake. Filamu ikaitwa *Mama Amefika*.

Siku ya kuionyesha Balangdalalu, baada ya mnada wa ng'ombe, gari la mradi lilivunjika springi. Wageni walikuwa wameshatangulia. Diwani alipiga simu kidogo tu, na gari la wagonjwa likatoka kituo cha afya likapakiwa jenereta, projekta, kitambaa cha kuonyeshea na spika mbili kubwa. Viti vya mbele vilijaa. Qamara alipanda nyuma, akakaa kwenye kitanda cha wagonjwa, akakumbatia spika isiangukie projekta. Njiani waliimba. Na ilikuwa siku nzuri, hakuna haja ya kuficha: wafugaji walisimama na fimbo zao na mashuka yao, wakatazama mpaka mwisho, na gari lilipotokea kwenye kitambaa wakashangilia, kisha wakageuka wakaliona lile lile limeegeshwa pembeni yao, wakashangilia tena.

Mchana huo uchungu ulimshika Judica. Gidion alikimbia mpaka kituo cha afya, akaambiwa gari limetoka. Alirudi na bodaboda. Wakampakia mgonjwa katikati, Gidion nyuma akimshikilia, na pikipiki ikateremka kwenye utelezi mguu wa dereva ukiburuta chini. Walipofika, mtoto alikuwa ameshafariki. Alikuwa wa kiume.

Yote haya yalijulikana. Nesi alijua, dereva alijua, Gidion alijua. Hakuna aliyeyasema, kwa kuwa diwani ndiye anayepitisha majina ya mbolea ya ruzuku, na Gidion ana shamba la mteremkoni lisiloota kitu bila mbolea. Kifo kilihitaji pa kukaa. Kikakaa kwenye filamu.

Kabla ya kikao diwani alimfuata Qamara nyumbani. Alikataa kiti, akasimama mlangoni na miwani yake ya jua mkononi.

"Pole kwa msiba wa mwanao."

"Asante, mheshimiwa."

"Nasikia unataka kusema maneno kesho."

Qamara alikirudisha kiti ukutani.

"Sema. Nchi ina uhuru. Ila nikuulize kitu, Tumbo, kama ndugu. Ndani ya lile gari wewe ulikuwepo, au hukuwepo?"

"Nilikuwepo."

"Ulikaa wapi?"

"Nyuma."

"Nyuma wapi?"

"Kitandani."

"Kitandani." Diwani alivaa miwani. "Mradi wanataka sehemu ya pili. Wanataka wewe, na kamera mpya. Kibali kinapita kwangu. Mambo ya mila waachie wazee, wao wanayajua. Mtoto wa watu atapumzika kwa ndugu zake kidogo, ataolewa pengine. Bado mbichi."

Baada ya diwani kuondoka Qamara alikaa akaangalia mahali alipokuwa amesimama. Alijaribu kukasirika na hasira haikuja. Ilikuwa kama mguu uliokufa ganzi. Unajua ni wako, unaugonga, hausikii kitu.

Kikao kilikaa malishoni, nyuma ya shule. Wazee kwenye viti, diwani pembeni yao, wanaume wengine kwenye nyasi, wanawake upande wao, na vijana wamesimama na simu. Judica hakuwepo, maana hakuruhusiwa kufika. Mzee Ignasi, mkubwa wa wote pale, aliomba baraka ya mvua na mifugo, watu wakaitikia. Kisha mama mkwe akasema yake. Alisema kwa utulivu, bila chuki hata kidogo, na hilo ndilo lilikuwa baya zaidi. Alisema yeye mwenyewe alizika watoto na anajua kifo hakichezewi. Wanawake waliguna kukubali.

"Kuna mwingine?" Mzee Ignasi aliuliza. "Gidion, mume?"

Gidion alitazama nyasi. "Sina neno, baba."

Qamara alisimama. Moyo ulikuwa unakwenda polepole tu.

"Shikamooni, wazee wangu."

"Marahaba."

"Mtoto hakuuawa na filamu. Judica alikwenda kliniki kila alipoambiwa. Uchungu ulipomshika, gari la wagonjwa halikuwepo. Lilikuwa Balangdalalu. Lilibeba spika. Nasema nilichokiona, kwa sababu nilikuwa ndani. Nilikaa kwenye kitanda cha wagonjwa, pale ambapo Judica angelala, nikashikilia spika isianguke. Diwani aliliita kwa simu. Mimi nilipanda. Kama mnatafuta wa kumtenga, tutengeni sisi wawili."

Mzee Ignasi alikuwa ameinua kidevu. Gidion naye alikuwa ameacha nyasi, anamtazama, na kwa mara ya kwanza tangu msiba Qamara alisikia kitu ndani yake, kitu kidogo kama tumaini, kikauma.

Ndipo mtu mmoja nyuma alipocheka. Qamara alitazama chini akaona mkono wake mwenyewe. Ulikuwa umeshika tumbo.

"Tumbo!" kijana mmoja alipaza sauti. "Mwenyekiti!"

Kicheko kikapita kwenye nyasi. Diwani hakukasirika hata kidogo. Aliinuka, akapiga makofi, mikono juu ili wote waone.

"Mnamsikia? Mnamsikia jamani? Mtu anakutungia kitu hapo hapo, hana karatasi! Na mimi kaniweka ndani, mwizi wa gari!" Alijipiga kifua, na watu wakacheka zaidi, kwa unafuu, kama waliofunguliwa mlango. "Huyu ni mali ya wilaya. Sehemu ya pili hiyo, imeanza!"

"Siigizi," Qamara alisema. "Wazee, siigizi."

Hapo ndipo walipocheka kweli. Mwanamke mmoja alijifuta macho kwa ncha ya kitenge. Mzee Ignasi mwenyewe alitabasamu, akatikisa kichwa kama mtu anayemvumilia mtoto mtundu, akangoja watulie.

"Tumekusikia, mwanangu. Kaa." Sauti yake ilikuwa ya upole. "Judica atarudi kwa watu wa baba yake. Mtoto wa kike atabaki kwa mume. Asilaumiwe mtu. Tumwombe Mungu."

Waliitikia. Gidion alikuwa amerudi kwenye nyasi. Watu walianza kuinuka na kujikung'uta, wanawake wakiulizana habari za mbegu, na Qamara akabaki amesimama pale pale kwa sababu hakukumbuka pa kwenda. Kijana anayeitwa Pascal, mwenye kibanda cha simu, alimjia mbio, simu ameinyoosha mbele.

"Shikamoo, baba. Samahani. Rudia pale pa spika. Sikuwa nimewasha."

Qamara alimtazama. Wengine walisikia, wakasogea, wakatengeneza duara, simu zikapanda. Mtu alimwambia mwenzake aliye mbele achuchumae.

Akarudia. Mara ya pili ilikwenda vizuri zaidi. Alinyamaza panapostahili, akaishusha sauti kwenye neno kitanda, na machozi yakaja bila kuitwa. Alipomaliza walimpigia makofi marefu, na diwani akamwomba Pascal amrushie.