Ulingo Sebuleni kwa Bi Prentice

Ngumi ilimpata Reg shavuni, kichwa kikageuka kama mlango uliopigwa teke, na sebule nzima ya Bi Prentice ikashangilia.

"Mnashangilia nini, wajinga nyie?" Bi Prentice akafoka. "Aliyepigwa ni wetu!"

Mtaa mzima ulikuwa umejazana humo, mapazia yamefungwa ingawa nje jua halijazama, wengine wamekaa ngazini wakichungulia. Televisheni mtaani ilikuwa hiyo moja tu: sanduku kubwa kama kabati, kioo chake hakizidi sinia ya chai. Ndani ya kioo, wanaume wawili wa rangi ya majivu walikuwa wakitwangana.

Ivy Tuckwell alipewa kiti cha mbele kabisa, kama mama wa bwana harusi. Tangu aolewe hakuwahi kumwona mumewe akipigana, Reg alimkataza. Yeye alizijua nguo tu. Alikuwa dobi, na kaptula za Reg zilimfikia zimeganda damu, akaziloweka kwa maji baridi na chumvi, maana maji ya moto huikaza damu isitoke tena. "Ya mwenzangu hiyo," Reg humwambia, akicheka kwa upande mmoja wa mdomo. Naye huamini, au hujifanya anaamini.

Jioni hiyo Reg alichana nywele mara mbili kabla ya kutoka.

"Maisha yangu yote, Ivy, nani kaniona? Magunia ya bandarini tu. Leo wataniona mpaka Birmingham."

Sasa walikuwa wanamwona. Mpinzani wake, kijana wa Cardiff aitwaye Mervyn Pugh, hakuwa na haraka. Alipiga mbavu, akangoja mikono ya Reg ishuke, akapiga uso. Mbavu, uso. Mbavu, uso. Jicho la kushoto lilikuwa limefumba. Kitu cheusi kilimchirizika Reg kutoka puani hadi kifuani, na Ivy hakuhitaji kuambiwa rangi yake.

"Tuckwell anaonyesha moyo wa ajabu," akasema mtangazaji, kwa sauti ya watu waliosoma shule za mabwana.

"Moyo gani?" Ivy akasema. "Huyo anakufa!"

"Kaa, mpenzi, unatuziba," akanung'unika Hoskins wa bucha nyuma yake.

Reg akaanguka. Akajivuta kwa kamba, akasimama, akayumba hadi karibu na kamera. Kwa kitambo kifupi alimtazama mkewe usoni, bila kumwona.

Ivy alikuwa ameshafika mlangoni.

Ukumbi wa pambano ulikuwa nyuma ya kiwanda cha biskuti, barabara ya pili. Alikimbia na aproni yake. Bawabu akanyoosha mkono.

"Tiketi, mama."

"Tiketi yangu inauawa humo ndani!"

Mkono haukuondoka. Ivy akauuma mpaka bawabu akapiga yowe, akapita.

Ndani, taa za televisheni zilichoma kama tanuri, na hapa damu ilikuwa nyekundu. Kwa Bi Prentice hakuwa amezisikia ngumi. Sasa alizisikia: shuka bichi likipigwa juu ya jiwe. Mzee Solly, mkufunzi wa Reg, alisimama konani akilia, taulo ya kusalimu amri shingoni.

"Irushe, Solly!"

"Kaniapisha nisirushe. Rudi nyuma, Ivy, picha inakwenda hewani!"

Akamnyang'anya, akairusha mwenyewe. Mwamuzi alikuwa amewapa mgongo. Taulo ikaangukia miguuni pa watu, ikakanyagwa. Pugh akapiga tena. Basi Ivy akapenya kati ya kamba, akamkumbatia mumewe kiunoni kwa nyuma.

Reg alisikia mikono. Akageuka na kupiga kwa nguvu zote alizobakiwa nazo.

Taya la Ivy lililia kama ukuni mkavu ukivunjika. Alijikuta amekaa chini, jino ulimini. Mtu mwenye vidude masikioni alikuwa akipiga kelele, "Kateni picha! Kateni!" Kijana wa Cardiff alishusha mikono.

"Mungu wangu," akasema. "Ni mwanamke."

"Nani?" Reg akauliza, akipapasa hewa. "Solly, nimempiga nani?"

"Mkeo."

Reg hakuruhusiwa tena kupanda ulingoni. Bandarini wakamwita Bwana Ivy. Bi Prentice alikuja na supu, akaeleza kwamba picha ilizimika ghafla, wakawekewa mtu anapiga piano, na Hoskins akadai wairudishe.

Reg alilala akiuelekea ukuta, macho yote mawili yamefungwa bandeji. La kushoto, daktari alisema, asilitegemee. Alipofungua mdomo hatimaye, alisema: "Umenivua nguo mbele ya nchi nzima."

Ivy, taya limefungwa kwa kitambaa, alijibu meno yakiwa yameumana. "Heri uchi kuliko sanda."

Reg akavuta blanketi hadi kichwani. Lakini Jumapili alitoka, akipapasa kuta, akaketi kizingitini palipokuwa na jua. Ivy akaleta bakuli la mkate na maziwa, maana hakuna kati yao aliyeweza kutafuna, akakaa kando yake. Watu wakipita kutoka kanisani waliwasalimu kwa mbali.

Reg alikula kidogo. Kisha akachovya kipande, akakiinua, akaanza kuupeleka mkono mahali alipodhani uso wa mkewe upo. Vifundo vya vidole vyake bado vilikuwa vyeusi. Maziwa yalidondoka kizingitini. Ivy aliutazama mkono ukija, akafungua mdomo kadiri kitambaa kilivyomruhusu.