Mpaka wa Jimbo Ulivyohamia Nyuma ya Nyumba ya Bibi

Kwa heshima na taadhima, natangaza kwa wananchi wote, waliojiandikisha kupiga kura na wanaoendelea kutafuta vitambulisho vyao chini ya magodoro, kwamba mpaka wa jimbo letu la uchaguzi umerekebishwa. Zoezi lilifanyika kwa amani, kwa uwazi, na kwa nusu kopo la rangi iliyobaki baada ya kupaka banda la kuku.

Tuanze na historia, maana mimi ni mwanafunzi wa bweni na nimefundishwa kutoa usuli kabla ya kutoa visingizio. Jimbo letu lilizaliwa la mviringo, lenye afya njema. Kisha likakatwa upande wa kaskazini kwa sababu nzito za kitaifa, yaani watu wa kaskazini walimzomea mgombea. Baadaye likaongezewa kipande cha mashariki kwa sababu nzito zaidi: mgombea alikuwa na mashemeji wengi huko. Leo ukilitazama kwenye ramani linafanana na soksi iliyovuliwa kwa hasira.

Mbunge wa soksi hiyo, tangu mimi sijazaliwa, ni babu yangu.

Yeye na Bibi waliachana katika muhula wake wa kwanza. Watu husema mengi kuhusu chanzo, Bibi husema moja tu. Walikuwa mezani, akamwuliza kama chumvi imezidi, na Babu akamjibu kwamba suala hilo linafanyiwa kazi. Bibi akafungasha, akahamia nyumba yake ya mwisho wa mji. Toka hapo, kila uchaguzi huvaa viatu vyake vya ngozi, huwa wa kwanza kwenye foleni, na humnyima Babu kura. Hana chama. Sera hazimhusu. Humpigia yeyote ambaye si Babu.

"Wenzangu wana presha, wana kisukari," hupenda kusema. "Mimi nina kura yangu."

Sasa, likizo hii nilipofika na sanduku langu la bati, hata sijalifungua, Bibi alilitandika kitambaa chake cha kufuma likawa meza ya sebuleni. Ndivyo alivyo, kitu kikikaa bure dakika moja kinapewa kazi. Lakini siku hiyo alitandika bila hata kunisema kuwa nimekonda.

"Wamenitoa," alisema.

"Wapi, Bibi?"

"Jimboni, mume wangu. Njoo ujionee."

Nje, kwenye nguzo za umeme zilizo ng'ambo ya barabara, mafundi wa tume ya mipaka walikuwa wamepaka alama nyeupe zenye namba. Mpaka mpya ulipita mbele ya nyumba. Waliokuwa ng'ambo walibaki na Babu. Sisi tulitupwa jimbo la jirani, kwa mbunge mmoja mama mpole asiyemkosea mtu.

"Huyu mama kanifanya nini mimi, hata nimnyime kura?" Bibi aliuliza. "Nitaanzaje? Sina sababu!"

Jioni ile nilivikuta viatu vya ngozi vimefungwa kwenye mfuko pamoja na nguo za kugawa. Hapo nikaona taifa limeniita.

Ndugu zangu, msidhani nilinyata gizani. Nilifanya kazi saa za kazi, wakati Bibi amelala baada ya chakula. Nilivaa kizibao cha njano kinachong'aa, nikabeba ndoo, nikakunja uso kama mtu ambaye hajalipwa. Nilifuta alama za barabarani kwa mafuta ya taa, nikazipaka upya nyuma ya nyumba, kwenye kuta zinazofuata mtaro. Namba nilizipiga kwa stensili yangu ya shule, kile kipande cha bati kilichotobolewa namba ambacho tunachapia masanduku yetu bwenini.

Hakuna aliyeniuliza kitu. Mpita njia mmoja alinipa pole ya jua. Fundi cherehani wa jirani alitoa kichwa dirishani.

"Kijana, mnatupeleka jimbo lipi?"

"Suala hilo linafanyiwa kazi," nilimjibu. Damu ya Babu hiyo.

"Basi tupelekeni lenye maji," akasema, akarudi kwenye pindo lake.

Kesho yake, gari mbili zilisimama mlangoni. Kwenye ya kwanza alishuka afisa wa mipaka, mwanamke mwembamba mwenye futi ya kupimia mkononi. Kwenye ya pili alishuka Babu, ambaye hakuwahi kukanyaga uwanja ule. Bibi aliwakaribisha, kwa sababu ana adabu, na akampa Babu kiti kibovu, kwa sababu ana kumbukumbu. Mimi nikaleta chai, nikaiweka juu ya sanduku.

"Mheshimiwa," afisa alianza, "pingamizi lako tulilikubali. Leo nilikuja kuuhamisha mpaka uende nyuma, kwenye mtaro. Nimekuta umeshajihudumia."

"Mimi?" Babu alishtuka.

"Alama zimefutwa na kupakwa upya pale pale ulipoomba. Nani mwingine alijua? Inanibidi nilifute pingamizi, mpaka wenyewe urudi barabarani, na wewe nikupeleke mbele ya tume."

"Ngoja kwanza," Bibi aliingilia. "Pingamizi gani?"

Afisa akamtazama kwa mshangao. "Mheshimiwa alitupinga, mama. Hakutaka nyumba hii itoke jimboni."

Bibi akamgeukia Babu. "Wewe? Mtu aliyekunyima kura maisha yake yote, umwombee abaki?"

Babu alijaribu kukaa kiheshimiwa, kiti kikalia. "Kuna mwaka nilipata kura zote za kituo chako," alisema taratibu, "isipokuwa moja. Wapambe wakaja juu, wanataka wamtafute ni nani. Mimi nikalala usingizi mzuri. Nikajua u mzima."

Bibi alinyoosha kitambaa kilichokuwa kimenyooka tayari.

"Afisa," akasema hatimaye, "huyu mtu namfahamu. Hajawahi kumaliza kazi hata moja kwa wakati. Rangi yote ile ndani ya siku moja? Mnamsingizia!"

"Asante," alisema Babu.

"Sikukusifu."

Na kwa kumsisitizia akapiga sanduku kwa kiganja. Kikombe cha afisa kikapinduka, chai ikatambaa, Bibi akakivuta kitambaa chote kukausha. Bati likabaki uchi mbele ya serikali.

Kwenye mfuniko kulikuwa na namba yangu ya bweni: 414. Sasa, nne ya stensili yetu ina ulemavu. Mwenzangu mmoja aliwahi kuitumia kufungulia kopo la maziwa, kona ikajikunja, na tangu hapo nne zetu zote hutoka bila mguu, kama viti vilivyopinduka.

Afisa alilitazama sanduku. Akainuka, akaenda dirisha la nyuma, akatazama ukuta wa mtaroni. Akarudi akalitazama tena.

"Mjukuu ni wa nani huyu?"

"Wake," wote wawili walisema, kila mmoja akimnyooshea mwenzake kidole.

Nilikuwa na uongo mzuri tayari, uliokomaa, wenye mashahidi. Lakini nilimwona Babu ameshaanza kuvaa kofia yake ya kwenda tumeni, na Bibi ameshika kitambaa kilicholowa kama mtu anayesubiri kufukuzwa mara ya pili.

Nikasimama wima, mikono ubavuni, kama tunavyosimama mbele ya mwalimu wa nidhamu.

"Ni mimi, afisa. Babu hakujua, Bibi alikuwa amelala. Nilizifuta mimi, nikazipaka mimi, na nne ni zangu zote."

Afisa aliketi. "Basi pingamizi lipo palepale," alisema, "na wewe utazipaka upya, mguu kwa mguu, nikiwa nimekusimamia."

Bibi hata hakumsikia. Alikuwa anainusa ndoo iliyo nyuma ya mlango.

"Na mafuta yangu ya taa, mume wangu?"

"Ni mimi pia, Bibi."