Ngozi ya Pili

Jumatatu asubuhi mama alitoka kwenda kuwasha moto, akarudi ndani bila kuuwasha. Alinishika mkono akanitoa nje kama mtoto, mimi Yusrah mwenye cherehani yangu na wateja wangu, akanionyesha uwanja wetu wa nyuma. Ngozi ya ng'ombe iliyokuwapo tangu Jumamosi ilikuwa palepale. Kando yake, imewambwa kwa vigingi vipya, kulikuwa na ya pili.

Ilikuwa mbichi na nzi walishafika. Aliyeiwamba alijua kazi: manyoya chini, upande wa nyama juu, ngozi imevutwa sawasawa kila pembe. Na mbwa wetu, anayembwekea hata mpita njia wa mbali, hakubweka. Aliyekuja alikuwa mtu wa humuhumu kambini.

"Baba yako asiione kwanza," mama alinong'ona. Lakini baba alikuwa ameshasimama nyuma yetu na birika lake la udhu mkononi.

Baba yangu, Mzee Abubakari, ndiye mchinjaji wa kambi hii ya zamani ya mkonge, nje kidogo ya Kimamba. Hapa Waislamu na Wakristo tumechanganyika tangu enzi za babu zetu kukata mkonge, na kwenye shughuli yoyote, iwe ya nani, anachinja baba ili wote tule. Watu hawaulizi nyama imetoka wapi. Wanauliza nani kachinja, na wakiambiwa Mzee Abubakari wananawa mikono. Ujira wake ni ngozi. Kwa hiyo anayetaka kujua shughuli ilikuwa na ng'ombe wangapi huja kutazama uwanja wetu.

Jumamosi Bwana Beda alifanya arobaini ya mama yake. Msimu wenyewe ni wa watia nia, naye Beda anautaka udiwani hata usingizini, basi marehemu akakumbukwa kwa masufuria ambayo hakuwahi kuyaona akiwa hai. Baba alichinja dume moja jeusi, limekonda, kisha akaondoka kwenda Kidete kuzika rafiki yake. Sisi tukabaki kula. Tulikula, tukaongezwa, na wajumbe wa chama, wanaopiga kura za udiwani, wakafungiwa ya kwenda nayo nyumbani. Dume moja lililokonda! Kila mwenye macho aliona, na kila mwenye macho akainamia sahani yake.

Jioni tukasikia Lazaro kakamatwa. Lazaro ni dereva wa bodaboda, jirani yetu wa nyumba ya tatu. Askari wa wanyamapori walimsimamisha barabara ya Mikumi akiwa na kiroba cha nyama ya nyati. Hakuficha. Alisema anapeleka kwa Bwana Beda kwenye arobaini, na kwamba viroba vingine alishavifikisha alfajiri. Jumapili askari wakaja kambini kuuliza. Beda akawakaribisha soda, akasema yule kijana ana biashara zake mwenyewe. Yeye shughuli yake ilikuwa na ng'ombe wawili, wamuulize mchinjaji. Baba alikuwa bado Kidete. Askari wakasema watarudi kesho kumuuliza mwenyewe na kuziona ngozi.

Basi jambo lote likawa limesimama uani kwetu. Zikionekana ngozi mbili, Lazaro anafungwa peke yake, na watu walikuwa wanataja miaka ishirini. Ikionekana moja, Beda anaongozana naye, na sisi tuliokula tunaulizwa mmoja mmoja. Na Waislamu wa kambi nzima tumekula kibudu, nyama isiyochinjwa.

Jumapili hiyohiyo, baba ndiyo kwanza anavua viatu vya safari, Beda aliingia.

"Shikamoo, mzee."

"Marahaba."

"Mzee wangu, kesho kuna wageni watapita hapa kukuuliza kidogo..."

"Nilichinja mmoja," baba alisema.

Nilidhani Beda atabembeleza, au atafoka. Alitabasamu tu. "Hakuna neno, mzee," akasema, akampa mama pole ya msiba wa Kidete, akaisifia cherehani yangu, akaondoka. Ule upole ndio ulionitisha. Mtu aliyenyimwa kitu hununa, na huyu hakununa.

Sasa baba alikuwa anaitazama ngozi ya pili na maji ya birika yanamwagika miguuni kwake bila yeye kujua.

"Tuikunje, baba. Niende nayo mtoni nikaitupe," nilisema.

"Usiiguse. Mimi siigusi na wewe usiiguse. Tukiigusa imekuwa yetu." Akaingia ndani kuswali.

Laiti ningeigusa hata hivyo. Lakini majirani walishaanza kufika. Devota alikuja na sukari kwenye bakuli, Filomena na mayai, na watu hawa hawajawahi kutuletea sukari wala mayai. Goodluck, anayelima shamba linalopakana na letu, alikuja mikono mitupu. Alizunguka ile ngozi, akainua ukingo wake kwa kidole cha mguu, akachungulia manyoya.

"Mwekundu," alisema.

"Mwekundu," Devota akaitikia.

Nilikaa pale mlangoni nikasikiliza ng'ombe akizaliwa. Kwanza alikuwa mwekundu tu. Baadaye akawa mkorofi. Filomena akakumbuka kwamba alikata kamba. Goodluck akakumbuka kwamba alimrushia mzee teke, mzee akakwepa, watu wakacheka. Hakuna aliyemkonyeza mwenzake. Walikuwa wanakumbuka kwa sauti za kawaida kabisa.

Askari walipokuja, baba aliwajibu amesimama wima. "Nilichinja mmoja. Mweusi."

"Na hii, mzee?"

"Siijui. Nimeikuta asubuhi."

Askari mkubwa, mtu wa makamo mwenye sura ya uchovu, akawageukia watu. Wawili, wakasema. Wawili. Goodluck akaleta na lile teke lake. Askari akamtazama baba, akawatazama tena watu, kisha akamgeukia mama. Mama yangu Mwanakheri hajawahi kumpinga baba mbele ya watu, hata kwenye bei ya dagaa.

"Mama, huyu ni mumeo. Hebu nisaidie."

Nilimwona mama akiitazama kambi nzima iliyosimama uani kwake na mayai na sukari. Ninajua alichokiona: mzee mmoja upande huu, na watu wote ambao wangemzika upande ule.

"Umri, mwanangu," alisema. "Siku hizi anasahau. Walikuwa wawili."

Askari akashusha pumzi, akaandika. Agnesi, mke wa Lazaro, alikuwa amesimama kwenye kona ya nyumba na mtoto mgongoni. Alimtazama mama muda mrefu, kisha akarudi kwake bila kuaga. Baba aliingia ndani, na tangu siku hiyo akawa anamshukuru mama kwa chakula kama mgeni anavyoshukuru.

Wiki ile tulipendwa mno. Kuku waliletwa kuchinjwa kuliko wakati wa Idi, na baba akawarudisha wote, anasema mtu anayesahau asishike kisu. Watu wakacheka, wakasema mzee ana utani. Beda alipita na pikipiki, akapiga honi, akapunga mkono. Nilimchukia mpaka sindano ikanichoma kidole. Naye Agnesi hakuna aliyekuwa anamsalimia, kana kwamba yeye ndiye aliyekula nyama ya watu.

Ngozi ikabaki uani. Baba hakuigusa, nasi hatukuigusa. Ilikauka ikawa ngumu, na ukipita usiku unaenda chooni, kucha zako zinaikwaruza.

Ijumaa alikuja mzee mmoja mfugaji, Mzee Moreto, na polisi wawili; habari za ng'ombe mwekundu zilikuwa zimemfikia. Sisi wa hapa na wafugaji tunajuana kwa ugomvi wa mashamba, kwa hiyo watu walifuata haraka, wakiwa wamenuna tayari. Lakini yule mzee hakuja kwa ugomvi. Alisalimia, akasubiri baba aitikie, akaomba ruhusa. Kisha akachuchumaa, akang'oa vigingi kimoja kimoja, akaigeuza ngozi ya pili manyoya juu.

Kwenye paja kulikuwa na chapa ya moto. Aliifuta vumbi kwa kiganja, taratibu.

"Huyu wangu," alisema. "Alitolewa zizini Ijumaa iliyopita, jioni."

"Na arobaini ilikuwa Jumamosi," polisi mmoja akasema, wala si kwa kuuliza.

Nikaelewa, na nadhani wote tulielewa kwa pamoja. Nani angekuuzia ngozi mbichi Jumapili jioni bila kuuliza swali, kama si mtu anayetaka iondoke mikononi mwake? Watu wa Beda walitafuta ngozi yoyote. Waliyoipata ilikuwa ya wizi, na kambi nzima ilishaapa kwamba ng'ombe mwenye ngozi hiyo alichinjwa na baba yangu.

"Mzee, ulimchinja wewe?" polisi akamuuliza baba.

"Sikumchinja."

"Maelezo ya watu hawa yapo kituoni Kilosa. Na ya mkeo yapo."

"Nilidanganya!" mama alipiga kelele. "Nilidanganya, wanangu, hakuwapo ng'ombe wa pili! Mume wangu hasahau kitu!"

Polisi alimtazama kwa huruma, na huruma ile ilikuwa mbaya kuliko ukali. "Mama, tukuamini wa siku ile au wa leo?"

Beda alishafika. Sijui nani alimwita. Alikuwa amevaa shati jeupe la kuendea mkutanoni, na sauti yake ilikuwa ileile ya upole. "Poleni sana. Mimi nilimwachia mzee anitafutie ng'ombe wa pili, maana ndiye anayewajua. Alikomtoa sikuuliza. Lakini ni mzee wetu, nitalisimamia hili mwenyewe."

Nilimfuata nimtemee mate. Baba akanishika bega, kwa nguvu ambayo sikujua bado anayo.

Niliwatazama majirani mmoja mmoja. Devota alikuwa anafunga upya kanga yake. Filomena alikuwa ameondoka. Ilitosha mtu mmoja kusema alikuwa mmoja, mweusi, amekonda, na tulikula nyati. Mzee Moreto naye aliwatazama, na nadhani alianza kuelewa, kwa sababu alimgeukia baba, kisha akaitazama tena chapa yake.

Baba akamgeukia Goodluck. Wamelima mpaka mmoja tangu mimi sijazaliwa.

"Goodluck. Yule mwekundu alinirushia teke?"

Goodluck alitazama chini. Beda alikuwa nyuma yake, amemwekea mkono begani.

"Alirusha, mzee," alisema.

Baba akatikisa kichwa polepole. Akavua kofia yake, akanipa niishike, akawanyooshea polisi mikono kabla hawajaiomba.

"Kumbe nasahau kweli, Mwanakheri," alimwambia mama.

Mama akakaa chini palepale, kwenye ule udongo mkavu ngozi ilipokuwa imelala.