Mjapani wa Shamba

Mwaka 1997, Bwana Marhoon wa Azaiba, huko Uarabuni, aliapa kwamba bintiye Buthaina haolewi na mtu wa bara. Wazee wake Marhoon walitoka Unguja, na kwake yeye Mwarabu aliyezaliwa Tabora alikuwa Mwarabu aliyeharibika njiani.

Kwa hiyo Yaqoob wa Tabora alipokuja baada ya alasiri na ami yake, Mzee Amur, kumposa Buthaina, Marhoon hakuwapa nafasi ya kusema. Aliwakirimu halwa na kahawa, kisha akawasha video.

"Tazameni kwanza," alisema. "Kuna hadithi ya Wazungu, kijana wa shamba anakwenda mjini kutaka kazi ya kumlinda mfalme. Wajapani wameichukua, wameivisha kimono."

Kila Amur alipokohoa ili aanze, Marhoon aliinua kidole. "Ngoja, sheikh, wanapigana!"

Mabwana wa mjini walimcheka yule kijana kwa farasi wake mkongwe na kwa matamshi yake. Marhoon alifoka. "Hawana haya! Mtu huchekwa kwa alikozaliwa?" Kijana alipowashinda wote kwa upanga, Marhoon alifuta machozi kwa ncha ya kilemba.

Filamu ikaisha. "Leteni udi!" aliita upesi. Desturi yetu inajulikana: udi ukishapitishwa, mgeni huaga, na neno lake hurudi nalo kwao.

Udi haukuja.

"Mwanamize! Udi!"

"Makaa hayajashika, Baba Buthaina," alijibu mkewe nyuma ya mlango. Yalikuwa mekundu tangu pigano la kwanza, Mungu amsamehe.

Amur akapata upenyo. "Tumekuja kumposa Buthaina."

"Yaqoob nnamheshimu," alisema Marhoon. "Lakini sisi watu wa Unguja..."

"Mjapani wa shamba umemlilia," alidakia Mwanamize. "Wa Tabora ana kosa gani?"

"Yule ana upanga!"

"Huyu ana kazi wizarani," alisema Amur, "na hajamkata mtu."

Nyuma ya mlango Buthaina aliangua kicheko. Marhoon akakimbilia dini, kama tufanyavyo wengi tukibanwa.

"Ntasali istikhara kwanza, Mungu anioneshe lenye kheri."

"Sali," alisema Mwanamize. "Mimi na mwanangu tumeshasali. Mungu hakutuuliza Yaqoob kazaliwa wapi."

Hata Amur aliacha kutafuna halwa.

"Basi tusome Fatiha, tuifunge posa," alisema Marhoon, kwa sauti ya mtu anayeng'olewa jino. Akaisoma yeye mwenyewe, polepole na kwa madaha, asije mtu wa Tabora akamzidi matamshi.