Mlango wa Kulia

Kusikia sauti yako mwenyewe ikikuamuru uvuke barabara ni jambo la kuchekesha, na Mwalimu alicheka peke yake pale kwenye kona ya posta mpaka muuza magazeti akamtazama mara mbili. "Vuka taratibu," sauti ilimwambia masikioni, "kisha simama mbele ya jengo lenye saa." Akavuka taratibu. Akasimama. Tangu azaliwe hakuwahi kumtii mtu upesi namna ile.

Historia aliifundisha miaka thelathini na minne, na wanafunzi walimbandika jina la Nukta, kwa sababu kila ubishi aliukata kwa neno hilo. Vita viliisha mwaka fulani, nukta. Alipostaafu, ofisi ya kutunza mji wa kale ilimwomba aandike maelezo ya matembezi ya kusikiliza: mgeni anapakua sauti kwenye simu, anavaa hedifoni, anazunguka mwenyewe mtaa kwa mtaa bila kumfuata mtu mwenye kibendera. Vituo kumi na viwili. Mwalimu aliandika vyote, akavisoma mwenyewe studio, halafu akajifungia nyumbani kwa miezi. Binti yake ndiye aliyemtoa. Alimwekea sauti zile kwenye simu, akamvika hedifoni kama anayemvika mtoto kofia, akamwambia, "Baba, leo unatoka. Nenda kasikilize ulichoandika. Usipotee tu."

Kupotea, yeye! Mji ule aliujua kama mfuko wa shati lake. Alipita kituo cha kwanza kwenye jengo la saa, cha pili kwenye kisima kilichofunikwa kwa chuma, na cha tatu kwenye ngazi za mawe, ambako sauti yake ilitangaza kwa mbwembwe kwamba ngazi ni kumi na nne. Akazihesabu. Zilikuwa kumi na tano. Akatazama huku na huku kama kuna mwanafunzi aliyeona, akajisamehe, akaendelea.

Roho yake, kusema kweli, ilikuwa kituo cha sita. Msimamizi wa matembezi, msichana aliyekuwa mwanafunzi wake darasani, alikuwa amempigia simu mara mbili kumwambia kwamba wageni wanakipenda kile kuliko vyote, na kwamba wengine hutoa machozi palepale barabarani. Mwalimu alijibu kwa unyenyekevu unaotakiwa, kisha kichwa kikamvimba wiki nzima. Leo alitaka kuyaona hayo machozi kwa macho yake.

Alikunja kwenye uchochoro, na kweli akawakuta. Vijana wawili na mama mmoja wa makamo walikuwa wamesimama mbele ya mlango mpana wa mbao, hedifoni masikioni, vichwa wameviinamisha. Mwalimu akajiunga nao kwa nyuma, akabonyeza namba sita.

"Huu ndio Mlango wa Kulia," sauti yake ikasema chini chini. "Weka kiganja chako juu ya mbao. Katika nyumba hii kaka alimwacha dada yake, akaondoka asirudi tena. Dada akabakiziwa mlango huu, na hapa alisimama kila alasiri, akilia, saa ileile, akitazama mwisho wa uchochoro. Usiseme kitu. Sikiliza."

Kisha kikafuata kimya cha sekunde ishirini. Kimya kile alikiomba mwenyewe studio, na fundi wa mitambo alimbishia, akidai watu watadhani simu imekata. Sasa watu watatu walikuwa wameweka viganja kwenye mbao, na mama wa makamo alikuwa anafuta jicho. Mwalimu alijisikia vizuri sana.

Mlango ukafunguliwa kwa ndani, na kijana mmoja nusura aanguke kifudifudi.

"Jamani, mikono!" Aliyetoka ni mwanamke wa miaka hamsini na kitu, futi kamba shingoni, pini zimepangwa kifuani kwenye blauzi, kitambaa kibichi mkononi. "Nawaomba kila siku. Nyie mnagusa, wateja wangu nao wanagusa palepale, halafu wanashika satini nyeupe. Nifue gauni ambalo halijavaliwa?"

Vijana waliomba radhi na kuondoka. Mama wa makamo hakuondoka mpaka alipomshika yule mwanamke bega.

"Pole sana, dada yangu."

"Pole ya nini? Sijafiwa mimi!"

Akaanza kusugua mbao kwa hasira, na ndipo alipomwona Mwalimu amebaki peke yake.

"Shikamoo, mzee wangu."

"Marahaba."

"Wewe mtu mzima mwenzangu, umeyasikia hayo maneno ya kwenye simu?"

Mwalimu akaitikia kwa kichwa.

"Mimi sijayasikiliza, sitaki kupandisha presha bure. Lakini hebu njoo ndani dakika moja, unisaidie. Kuna mteja anataka kuchukua kitambaa chake aondoke. Wa tatu huyu. Wanasema bibi harusi hawezi kuvaa gauni lililoshonwa kwenye nyumba ya kilio. Na mimi nashona magauni ya harusi tu, hiyo ndiyo kazi yangu toka usichana. Wakinikimbia hawa, nafunga."

"Nitawaambia nini?" Mwalimu aliuliza kwa sauti ndogo isiyokuwa yake.

"Waambie umesimama hapo na hujaona maajabu yoyote. Mtu mzima akisema, watasikia."

Alitaka kukataa, lakini Fundi, yule mshonaji, alikuwa ameshamshika kiwiko. Ndani kulikuwa na cherehani mbili, moja ya umeme na moja ya miguu iliyobanduka rangi, meza ndefu ya kukatia, na sanamu ya kuvalishia iliyokuwa imevaa bitana tupu. Vipande vya lesi vilikuwa vimetapakaa sakafuni. Msichana alikaa kwenye stuli, ameinama, anajing'ata kidole. Kando yake alisimama mwanamke mnene aliyekumbatia mfuko wenye kitambaa kilichokunjwa, na uso wake ulisema safari imeshaiva.

"Shangazi mtu, subiri kidogo," Fundi alimwambia. "Huyu mzee ametoka kusikiliza sasa hivi. Muulize mwenyewe."

"Shikamoo, baba. Ni kweli wanasema hapa ni mahali pa kilio?"

Mwalimu alikohoa. Jozi tatu za macho zilimkodolea, na yeye akikodolewa macho hana dawa nyingine ila kufundisha.

"Suala hili," alisema, "linahitaji kutazamwa kwa utulivu."

Msichana aliruka kutoka kwenye stuli. "Shangazi! Ndiye!"

"Ndiye nani?"

"Wa kwenye simu! Sauti ndiyo hiyohiyo! 'Usiseme kitu. Sikiliza.' Ndiye huyu!"

Fundi alimwachia kiwiko. Hakupiga kelele, na Mwalimu angeshukuru kama angepiga.

"Kumbe ni wewe," alisema. "Siku zote hizi nasugua alama za mikono ya watu, kumbe ni wewe. Na mimi nakukaribisha ndani."

"Mama, mimi ni mwalimu wa historia, sikuzua," Mwalimu alisema, akajiweka sawa kama aliye mbele ya ubao. "Niliisoma hati ya nyumba hii kwenye hifadhi ya nyaraka. Ukurasa mmoja umechanika, lakini mstari huo upo wazi. 'Na mlango wa kulia utabaki kwa dada.' Maneno ndiyo hayo. Nukta."

Fundi alimtazama kitambo. Halafu akatoa kicheko kifupi kisichokuwa na furaha.

"Mwalimu," alisema. "Kulia na kushoto."

"Vipi?"

"Kulia. Na kushoto. Kaka na dada walirithi nyumba, wakaigawa. Kaka akachukua mlango wa kushoto, dada akachukua mlango wa kulia. Kaka akauza upande wake, aliyenunua akauziba mlango kwa matofali. Njoo uone."

Alisukuma rafu ya nyuzi pembeni. Chini ya chokaa lilionekana tao la mlango wa zamani, limezibwa, linafanana kwa kila kitu na lile la mlango aliotoka kuugusa.

"Huyo dada ni bibi yangu, mzaa mama. Na hakulia! Yeye ndiye aliyepata upande wenye jua la asubuhi. Alikuwa akitusimulia anacheka mpaka anashika mbavu, anasema kaka alichagua akiwa na usingizi. Haya, niambie, nyumbani kwenu mna chumba cha kulia?"

"Tunacho."

"Mnakaa humo mnalia?"

Msichana alipasuka kwa kicheko, akajiziba mdomo.

Mwalimu hakucheka. Alilitazama lile tao. Miaka yote ile aliwapigia watoto wa watu kelele kwamba mstari husomwa mara mbili kabla ya kuandikwa mara moja. Mtoto wa darasa la tatu angeusoma ule mstari akauelewa. Aliona aibu, aibu ya kweli, ile inayomfanya mtu asijue mikono aiweke wapi.

Shangazi naye hakucheka. Aliubana mfuko kwapani.

"Mlango siukatai," alisema. "Lakini yale machozi, baba, mimi niliyasikia. Nilisimama hapo nje na huyu mwanangu, nikalia kama nimefiwa. Mtu hatungi kitu kama kile. Lazima kuna mzee aliyekusimulia."

Hapo ndipo njia ilipofunguka mbele ya Mwalimu, pana na nyepesi. Angesema ndiyo, kuna mzee, ameshafariki, na nani angekwenda kumuuliza? Kituo cha sita kingebaki. Jina lake lingebaki. Neno la Fundi lingekuwa neno la mfanyabiashara anayetetea mkate wake, na la kwake lingekuwa neno la mwenye historia. Alimtazama Fundi. Alikuwa ameishika futi kamba kwa mikono miwili, anaizungusha kidoleni, anangoja, na ilionekana wazi kwamba anajua kila kitu sasa kiko mdomoni mwa mtu huyu asiyemjua.

"Hakuna aliyenisimulia," Mwalimu alisema.

"Sasa yalitoka wapi?"

Alianza, na safari hii haikuwa sauti ya studio.

"Wiki tatu kabla ya kuisoma ile hati nilikuwa nimemzika mke wangu. Hifadhini nilikuwa nakwenda kwa sababu nyumbani hakukaliki. Alikuwa muuguzi. Akishika zamu ya asubuhi, alirudi alasiri, na mimi nilizoea kumfungulia. Alipokufa niliendelea kwenda mlangoni saa ileile. Nasimama. Sina ninayemfungulia, lakini nasimama. Sasa nikakutana na lile neno kwenye karatasi, kulia, na naapa sikukumbuka kabisa kwamba binadamu ana mkono wa kulia. Neno nililiona kwa maana moja tu. Nikampa yule dada mambo yangu, na saa yangu, na uchochoro wa kutazama." Akageuka kwa Fundi. "Bibi yako nimemsingizia. Hapa hakulia mtu. Aliyelia ni mimi, na nililia nyumbani kwangu."

Maneno hayo hakuwa amewahi kumwambia hata binti yake. Yalipokwisha kutoka, akashika ukingo wa meza ya kukatia.

"Pole, Mwalimu," alisema msichana.

Pole za mazishi alizipokea zote wima, moja baada ya nyingine, kama anayesahihisha madaftari. Hii ilimwingia. Fundi alivuta kiti cha cherehani ya miguu, akampangusia uzi uliokuwa juu yake.

"Kaa, mzee wangu. Kaa kwanza."

Akakaa. Shangazi alilitazama tao lililozibwa, akamtazama Mwalimu, akarudi kwenye tao.

"Na bibi yako alicheka kweli?" alimuuliza Fundi.

"Mpaka akashika mbavu. Mpaka uzeeni."

Shangazi alipumua kwa nguvu, akaufungua mfuko, akaitandaza satini juu ya meza kwa kiganja. "Basi mpime. Lakini mabega usimwache wazi, baba yake ana maneno."

Fundi hakushangilia. Aliishika satini pindoni, akaitazama kidogo, kisha akamgeukia Mwalimu. "Hawa wamekusikia kwa masikio yao. Na watakaokuja kesho?"

Mwalimu akatoa simu, akachomoa hedifoni. Alimpigia msimamizi wa matembezi, na kwa kuwa hakujua kuzima spika, chumba kizima kikasikia.

"Mwalimu wangu! Jana tu tulikuwa tunakutaja, wageni wamekisifu tena kituo cha sita!"

"Kifute."

"Unasema?"

"Kifute leo. Nilikosea kusoma, na nyingine nikaitia mwenyewe. Kesho nitakuja studio nisome upya."

"Mwalimu, lakini hicho ndicho wanachokifuata! Tukikifuta kitabaki mlango tu."

"Ndiyo. Ni mlango tu. Nyumba ilikuwa na milango miwili, wa kushoto umezibwa, wa kulia umebaki. Ndani yuko fundi wa magauni ya harusi, mjukuu wa mwenye nyumba. Wapite, wamsalimu, wasiguse mbao."

Upande wa pili msimamizi alipumua. Alisikika akiandika.

"Sawa, Mwalimu. Ila jina ni lilelile. Wakisikia kulia, si watauliza tena ni kulia kupi?"

Mbele yake msichana alikuwa ameinua mikono, na Fundi, pini amezibana midomoni, alikuwa anampitishia futi kamba kifuani huku Shangazi akisoma namba kwa sauti.

"Waambie ni kulia kule kwa mkono," alisema. "Kulia kwingine ni kwangu."