Kofia ya Mjomba Makame

Pazia la kwanza la kufundishia Mwanakhamisi alilishona kwa kitambaa cha marekani alichopewa na mjomba wake Makame, ambaye hakuuliza hata ya kazi gani. Juu alichora watu wawili, mpangaji wa matumizi na mtapanyaji. Chini ya kila mmoja alishona mifuko ya unga, nguo na akiba, ili wanafunzi wa elimu ya watu wazima watie punje za mahindi wajionee mshahara unavyokwisha. Somo likawaingia. Darasa la Mlandege, pale pale Iringa, likataka jingine, na kabla mwaka 1974 haujaisha mapazia yake yalikuwa yakining'inia hadi Uyole, kule Mbeya. Akaajiri wasichana wa kumsaidia.

Tangu pazia lile la kwanza mtapanyaji alihitaji sura, naye Mwanakhamisi akachora iliyokuwa karibu: mzee mnene, kofia imelalia sikio, anawanunulia kahawa watu wa baraza zima. Alichora huku anacheka peke yake.

Kicheko kilimkauka siku duka la ushirika la mtaa lilipochagua mtunza fedha. Makame aliutamani mno wadhifa ule. Alikuja na kanzu iliyopigwa pasi ikanyooka. Jina lake lilipotajwa, mama mmoja akauliza kama huyo si yule wa kwenye pazia, maana mtaa mzima utakunywa kahawa kwa hela ya duka. Watu wakaangua kicheko. Makame akacheka nao. Hakuwahi kukanyaga darasani, hakujua anachekwa nini. Kura zikaenda kwa mwingine.

Mwanakhamisi alikaa mbele kabisa. Angeweza kusimama akasema sura ile aliichora yeye. Badala yake aliinamia vidole vyake, rangi bado imo kuchani.

Jioni mjomba alimfuata kwenye kibanda chake cha kushonea, akaomba alione hilo pazia. Mwanakhamisi akatoa lile la kwanza sandukuni. Alikuwa amejiandalia maneno, kwamba wazee wanene wako wengi Iringa, lakini akalikunjua tu pazia mbele yake.

Makame aliupapasa upindo.

"Marekani ni ile ile."

"Ndiyo, mjomba."

"Na kofia hukuisahau, mwanangu."

Akaivua, akaikunja, akaitia mfukoni, akatoka kichwa wazi. Pale barazani walimwita aje wanywe kahawa. Alipita bila kugeuka, na Mwanakhamisi, aliyesimama mlangoni na pazia mkononi, hakuwa na uso wa kumwita.